Ulimi Wangu Katika Achari ya Jirani

Mimi ni mdaku, sikatai. Jirani yangu hapa Mengo, mama aliyekimbia vita kutoka Bukavu, hutengeneza achari ya kabichi, karoti na pilipili. Huijaza ingali moto kwenye chupa za jemu, kisha huzichemsha juu ya sigiri ya makaa pale uani. Kila akipika ananiita nionje. Nikajiuliza mwaka mzima: mpishi gani huyu asiyeonja chungu chake?

Siku moja uzalendo ukanishinda, nikamuuliza. Alifunika sufuria kwanza, ndipo akaniambia kwamba tangu alipougua sana mwaka juzi, ulimi wake umekufa, hausikii chumvi wala ndimu. Na achari ile ni ya marehemu mama yake. Hakumwachia picha wala kitambaa, ni ladha hiyo tu, na sasa hata hiyo anaitafuta kwa kuuliza watu. Maskini, nilimhurumia, nikashika kijiko mwenyewe bila kungoja kuitwa.

Basi nikawa ulimi wake. Ongeza siki, punguza chumvi. Mara nyingi nilimwambia atie sukari kidogo, maana sisi wengine kutoka Kenya tumezoea achari ya maembe yenye utamu wake. Naye alitia bila kubisha. Kichwa kikanivimba, jamani.

Mwezi uliopita mdogo wake wa kiume akaja kumwona, mara ya kwanza tangu wapotezane njiani wakikimbia. Tukamwekea ugali, samaki na chupa mpya. Jirani yangu hakula, alikuwa akimtazama mdomo. Mimi nangoja sifa zangu.

Yule kaka alitafuna polepole, akaweka kijiko chini.

“Yaya,” akasema, ndivyo kwao wanavyomwita dada mkubwa, “ni tamu. Lakini haiko ya mama. Mama hakutia sukari hata siku moja.”

Nilitamani ardhi inimeze. Kumbe kijiko kwa kijiko nilikuwa nikimfuta mama wa watu, na huku najisifu.

Hakunigombeza. Aliwasha sigiri upya, akampa mdogo wake kijiko, wakapika hadi kaka akasema ndiyo hii. Kisha akanigeukia mimi.

“Huyu anarudi Jumapili,” akasema. “Wewe ndiye utabaki. Kariri.”

Nikaonja. Ilikuwa kali, chachu, ikanikunja uso. Sikuipenda hata kidogo. Nikachota tena.