Penalti ambayo mamangu aliiombea

Jamani!

Sasa hivi, wakimsukuma mamangu kuingia thieta ya upasuaji hapa hospitali ya Wote, ameshika chuma cha kitanda akasema, "Ngojeni kidogo."

Nesi akasimama. Nikajua mama anataka tuombe.

Wapi!

"Mutua, ile penalti iliingia?"

Penalti ya miaka ya tisini!

Pasta wetu kule kijijini Tseikuru alileta video na jenereta kanisani. Tukaziba madirisha na blanketi mchana kweupe. Filamu ilikuwa ya timu ya taifa ya nchi fulani ndogo, timu ya kufungwa na kila mtu, golikipa amevaa viatu vya kuazima. Tulicheka mpaka wazee wakatoa machozi.

Halafu ikafika penalti ya mwisho. Kijana akaweka mpira chini, akarudi nyuma…

Petroli ikaisha.

Pasta akasema tufunge kwa maombi. Mamangu akasimama, akamwombea yule kijana mguu wake usiteleze. Kanisa lote, "Amina!" Hakuna hata mmoja alikumbuka hiyo filamu ilishatengenezwa kitambo.

Leo ananiangalia, nesi anaangalia saa.

Nikasema, "Iliingia, mami."

"Nilijua," akasema, akaachilia kitanda.

Mlango umefungwa. Mimi niko hapa kwa benchi, na ukweli ni kwamba sijui. Sikuwahi kuiona tena.

Kama kuna mtu hapa aliimaliza hiyo filamu, tafadhali, usiniambie mpaka mama atoke.