Nasike na Majina ya Marehemu Wake

Mifugo ya mumewe ilipokwisha kwa ukame, Nasike alihamia Kakuma, akaishi kwa kuwauzia wakimbizi kuni na makaa. Hata hivyo, wanawake wa ukoo wake hawakumwendea kwa ajili ya makaa. Walimwendea kwa ajili ya majina.

Kwa desturi ya ukoo huo, mtoto mchanga hapewi jina, hulichagua. Huachwa kwanza apate njaa, kisha huwekwa kifuani mwa mama yake, na mwanamke mzee huyataja majina ya marehemu, moja baada ya jingine. Jina litajwalo mtoto anapoanza kunyonya ndilo lake, kwa maana aliyekufa amekubali kurudi. Nasike aliyajua majina ya vizazi vingi, na aliyataja bila kusita.

Ayen, Mdinka aliyezoea kununua kuni kwake, hakuacha kumtania kila alipomsalimu kwa lugha ya Nasike.

"Ejok, Mama Nasike. Leo umeita wafu wangapi?"

"Ejok. Wewe nyamaza, jina lako ni ng'ombe."

"Si ng'ombe, ni rangi ya ng'ombe! Hudhurungi, nzuri kabisa."

"Na ng'ombe mwenyewe yuko wapi?"

"Alibaki kwetu Bor. Jina lilikuja peke yake."

Walicheka wote wawili, kisha Nasike akarudi kufunga kuni zake. Yeye pia alikuwa na jina lililobaki peke yake. Binti yake Nakiru, jina lenye maana ya mvua, alifariki angali msichana, na tangu hapo hakuna mtoto wa ukoo aliyelikubali jina lake. Tumaini la mwisho lilikuwa kwa mwanawe Lokuruka, fundi wa kuchomelea vyuma mjini Lodwar, ambaye mkewe alikuwa mjamzito.

Mke huyo, Mugure, alikuwa Mkikuyu wa Murang'a aliyeuza mboga sokoni Lodwar. Kwao mtoto hangojwi achague: binti wa kwanza huitwa jina la mama wa baba yake, awe hai au amekufa. Alipojifungua binti, alimpigia mkwewe simu kwa furaha.

"Mama, umezaliwa! Njoo ujione."

"Nani amezaliwa?"

"Wewe. Tumemwita Nasike."

"Mwambie mume wako mimi bado nakula ugali," Nasike akasema kwa ukali. "Jina langu bado nalitumia."

Lokuruka aliwasuluhisha: mtoto asiitwe jina lolote mpaka Nasike afike.

Nasike aliwasili asubuhi, akiwa amevaa shanga zake zote. Mugure akamweleza kwamba mtoto alinyonya vibaya usiku, na tangu alfajiri hakutaka kabisa.

"Afadhali," Nasike akajibu. "Akiwa na njaa atasikia vizuri."

Mtoto akawekwa kifuani. Nasike akainama karibu na sikio lake.

"Njoo, Nakiru."

Mtoto akageuza uso. Nasike akalirudia jina hilo kwa upole, kama mtu anayebembeleza, kisha akaliacha na kuanza kuwataja wengine: shangazi, mama wa shangazi, wazee wa Kalemng'orok, wavuvi wa Kalokol. Jua lilipanda, mabati ya nyumba yakaanza kulia kwa joto. Mtoto hakushika titi kwa jina la yeyote.

"Mama, huyu hakatai," Mugure akasema. "Hana nguvu."

"Usimharakishe, mwanangu. Anasikiliza."

Akarudi kwa Nakiru. Safari hii mtoto alifumbua kinywa, na Nasike akapiga kigelegele. Lakini maziwa yalitiririka kwenye pembe ya mdomo, hayakumezwa. Ndipo Nasike alipomgusa mtoto kifua kwa mara ya kwanza. Kilikuwa moto kama jiwe la jikoni.

"Nasike," akanong'ona. "Nasike, shika."

Hakushika.

Lokuruka alisimamisha boda boda, akampakia mkewe na mtoto, wakaenda hospitali. Muuguzi alimpokea mtoto mikononi, akauliza aliacha kunyonya lini.

"Alfajiri," Mugure akasema.

"Na mnamleta mchana huu?"

Muuguzi akakimbia naye ndani. Nasike alipofika kwa boda boda nyingine, alimkuta Mugure ameketi kwenye benchi, mikono yake mitupu. Muuguzi alikuwa akiuliza marehemu aliitwa nani. Lokuruka akamtazama mama yake.

"Hakuchagua," Nasike akasema.

"Alikuwa Nasike!" Mugure akasema. "Tangu azaliwe alikuwa Nasike. Wewe ndiye uliyekataa."

Hayo ndiyo maneno ya mwisho ambayo Mugure alimwambia mkwewe. Baada ya maziko alirudi Murang'a, na Lokuruka, anayekwenda huko kumbembeleza arejee, hurudi peke yake.

Nasike naye alirudi Kakuma, kwenye kuni zake. Wiki chache baadaye mwanamke wa ukoo alimletea mtoto wa kutajiwa majina.

"Amenyonya leo?" Nasike akauliza.

"Bado. Nimemwacha na njaa kama inavyotakiwa."

"Mnyonyeshe."

"Bila jina?"

"Bila jina."

Mtoto alinyonya kwa pupa. Nasike alimsikiliza akimeza, tena na tena, mpaka alipohakikisha kwamba maziwa yanashuka. Kisha akajitwika mzigo wake wa kuni, akatoka nje. Mwanamke yule alimngoja hadi jioni, akaondoka. Nasike hajayataja tena majina ya marehemu, na katika ukoo huo hakuna mwingine anayeyajua.