Abiria Aliyekuwa na Baiskeli

Mto wetu ni mfupi. Ukiamka mapema unaweza kuufuata kwa miguu kutoka chemchemi zake kilimani mpaka baharini, ukarudi nyumbani kula chakula cha jioni. Huko juu hata mbuzi anauruka. Bondeni unaanza kujiona, na ukikaribia bahari unakuta tuta refu la mchanga limeziba njia. Basi unageuka, unatambaa nyuma ya tuta hilo huku mikoko imeukumbatia, mpaka unapata upenyo wa kutokea. Karibu na upenyo huo ndipo shangazi yangu alipokuwa akivusha watu kwa mtumbwi.

Kazi hiyo aliirithi kwa marehemu mumewe akiwa bado kijana, na hakuwa na dogo. Abiria akisimama mtumbwini, aliambiwa achague kukaa au kuogelea. Wanaume wawili watatu walijaribu kumchumbia. Wote walivushwa salama na kushushwa bila jibu.

Mmoja wa abiria wake wa kila siku alikuwa muuza mikate wa ng'ambo, mgane mwenye unga kwenye nyusi, mtu mkimya kupindukia. Alivuka asubuhi na kreti lake kupeleka mikate kwenye maduka ya upande wetu, akarudi mchana. Kila akishuka aliacha mkate mmoja mtumbwini, akisema umeungua chini, hauuziki. Shangazi alikuja nao nyumbani, tukaula, akawa anasema maskini yule baba, oveni yake haimwonei huruma.

Mwaka mmoja mvua ilinyesha kama imetumwa. Mto ulifura, ukachoka kuzunguka, ukalipasua tuta la mchanga pale unapoanza kugeuka na kuingia baharini moja kwa moja. Bahari nayo ikaujaza mchanga ule upenyo wa zamani. Mbele ya nyumba ya shangazi likabaki dimbwi la maji yaliyolala, kina chake magotini. Mlango mpya ulikuwa mwendo mzuri kutoka hapo, na maji yake yalikwenda mbio hata wavuvi waliukwepa. Shangazi aliupindua mtumbwi uani, akakaa juu yake, akawa hataki kusemeshwa.

Siku ya tatu muuza mikate aliingia uani akisukuma baiskeli, kreti limefungwa nyuma. Nilikuwepo, nikipepeta mchele. Shangazi aliitazama ile baiskeli kwa muda.

"Umepitia wapi?"

"Darajani."

"Daraja unalijua tangu lini?"

"Liko karibu na kwangu," alisema, akiangalia chini. "Na baiskeli ni ya zamani."

Nikamwona shangazi anapiga hesabu ya miaka yote ile.

"Kwa hiyo ile mikate..."

"Hakuna uliowahi kuungua, mama."

Alicheka mpaka akajishika mbavu, halafu akafuta macho kwa ncha ya kanga na kuniambia nimletee mgeni kiti. Mimi niliyemzoea nilijua hayo machozi hayakuwa ya kicheko peke yake.

Posa ililetwa kwa baba yangu, kaka yake. Sharti la shangazi lilikuwa moja: hauachi mto. Mwenzake akasema ni yeye atakayehama, akaijenga oveni upya karibu na ule mlango mpya. Wiki nzima walikaa ufukweni wakiyasoma maji, wakagundua kwamba yakishajaa hutulia kabla ya kuanza kupwa, na hapo mtumbwi unapita bila ubishi. Watu wakarudi kuvuka. Wanaofika mapema husubiri kwenye benchi la oveni, wanakula mkate wa moto, na wengine husahau walikokuwa wanakwenda.

Sasa mchanga umeanza kujilundika tena, na mlango unasogea kusini kidogo kidogo. Shangazi anautazama bila wasiwasi. Amemwambia mumewe kwamba wakihama tena, yeye atabeba kasia, oveni itabebwa na mwenyewe.