Muvi ya mkemia ilivyotaka kumvunjia dada yangu uchumba

Wakuu, habari za mchana.

Nimeona uzi wa jamaa anayeomba orodha ya muvi ambazo kemia ndiyo inabeba stori nzima. Wengi mmemtajia majina. Mimi sina jina la kumpa, nina onyo.

Haya ninayoandika yametokea nyumbani kwetu, vijiji vya karibu na Rulenge, wilaya ya Ngara. Asiyeamini aje aulizie "Daktari wa Rubisi". Ataletwa hadi mlangoni kwangu, na njiani ataongezewa chumvi nyingi kuliko niliyoweka hapa.

Nina digrii ya kemia. Kazi bado. Kwa sasa namsaidia baba shamba la migomba na kahawa, na Jumapili baada ya misa naenda kibanda umiza kuangalia muvi zilizotafsiriwa.

Nakaa benchi moja na baba mkubwa Gervas, kaka yake baba. Huyu mzee ndiye msemaji wa ukoo wetu kwenye shughuli zote, na muvi anaziamini kuliko taarifa ya habari.

Sasa kulikuwa na muvi moja ya mkemia wa kike anayeishi kwenye nyumba ya mfalme. Kila mtu mle ndani anataka kumwekea mfalme sumu. Yule dada ana kichupa. Kikiletwa kinywaji anadondoshea tone moja. Kikibaki kilivyo, mfalme anakunywa. Kikigeuka chekundu, ni sumu, na aliyekileta anakamatwa.

Sumu zote duniani, tone moja, rangi moja.

Mimi nilishindwa kuvumilia. Na si hilo tu. Kwenye muvi za kemia kila chupa ina maji ya bluu au kijani na inatoa moshi. Nimekaa maabara miaka mitatu, karibu kila kitu kilikuwa cheupe kama maji ya bomba. Ukisahau kuandika lebo umekwisha.

Halafu yule DJ anayetafsiri, kila mkemia akitaja asidi, yeye anasema "maji ya betri". Yule dada akanywa juisi ya limao, DJ akasema ina maji ya betri kidogo.

Nikasimama kuuliza. Kwa kweli nilikuwa nauliza karibu kila Jumapili.

"Msomi, kaa chini, unatuziba," mtu wa nyuma akasema.

"Sumu haipimwi hivyo," nikasema.

"Wewe umeshaona ngapi?" baba mkubwa akaniuliza, macho yakiwa kwenye skrini. "Mwenzako yuko kwa mfalme, wewe uko hapa na sisi."

Kibanda kizima kikacheka. Nikaapa kwamba Jumapili inayofuata nitawaonyesha.

Hapo ndipo nilipokosea, wakuu.

Uzio wetu una yale maua mekundu makubwa yenye ulimi mrefu katikati. Ukiyaloweka kwenye maji ya moto unapata maji ya zambarau. Ukitia kwenye kitu kichachu yanakuwa mekundu. Ukitia kwenye maji ya majivu au ya sabuni yanakuwa ya kijani. Mwalimu yeyote wa sayansi anakijua kipimo hiki. Kinapima uchachu tu, basi.

Jumapili nikafika na kichupa cha dawa ya kikohozi kilichojaa maji yangu. Mwenye kibanda akasimamisha muvi. Nikakamulia ndimu kwenye glasi, nikadondosha. Nyekundu. Maji ya majivu, nikadondosha. Kijani.

Walipiga makofi ambayo sikupigiwa hata siku ya mahafali.

Nikaeleza vizuri, nadhani dakika kumi, kwamba mmeona sasa, hata ndimu inageuka nyekundu, na ndimu si sumu, kwa hiyo muvi inadanganya. Watu wakawa wanaitikia kwa vichwa. Mimi nikajua nimeelimisha jamii.

Kumbe walichobeba ni kimoja: kile kichupa cha muvi kipo, na kijana wa kwetu anacho.

Baba mkubwa akakiomba akamwonyeshe mama mkubwa. Nikampa. Mzee kakuomba kitu, unamnyimaje.

Jumamosi iliyofuata ndiyo wakwe walikuwa wanakuja kumposa dada yangu Devota. Kijana anaitwa Method, wa Nyamigogo, kule Biharamulo, mtu mpole, mkulima. Devota alikuwa amemsubiri miaka miwili hadi wazee wa pande zote wakubali.

Ijumaa akaniita jikoni.

"Kaka, nakuomba kitu kimoja. Kesho usiulize swali lolote."

"Hata moja?"

"Umeona? Hilo tayari ni moja."

Nikaahidi. Nikasema nitakaa kimya mpaka wageni wapande gari la kurudi.

Wageni wakafika, shikamoo na marahaba zikazunguka, wakaketi. Wameleta rubisi, pombe yetu ya ndizi, madumu mawili. Kwetu pombe ya posa ina utaratibu wake: aliyeileta ndiye anayeonja kwanza mbele ya wote, kuonyesha kwamba kaja kwa moyo safi. Akishaonja, wenyeji wanapokea, na mazungumzo yanaanza. Asipoonja hakuna posa.

Msemaji wao, Mzee Laurian, baba mdogo wa Method, akamimina kwenye kibuyu. Akakiinua.

"Subiri kwanza, mkwe," baba mkubwa akasema. "Huo utaratibu ni wa zamani. Siku hizi kuna kipimo."

Akaingiza mkono kwenye koti.

Wakuu, niliona kifuniko cha dawa ya kikohozi. Nikataka kuinuka. Dirisha la jikoni liko wazi, Devota ananitazama. Nikakaa.

Baba mkubwa akamimina rubisi kidogo kwenye glasi, akadondosha matone matatu. Yale maji yalikuwa na siku sita na bado yanafanya kazi, jambo ambalo linanishangaza hadi leo.

Rubisi ni pombe ya ndizi iliyochachuka. Mnajua ilikuwaje.

Nyekundu.

Nusu ya wenyeji mle ndani walikuwa wameiona ile muvi. Mama mmoja akasema taratibu, "Ndiyo ile ile." Mwingine akavuta watoto wake nyuma.

Mzee Laurian akashusha kibuyu.

"Mnasema tumekuja kuwaua?"

"Sisemi mimi," baba mkubwa akajibu, na kusema kweli sauti yake ilikuwa imeanza kupungua. "Imesema dawa."

Mzee Laurian akachukua kofia yake. Wenzake wakaanza kuinuka. Method amebaki kwenye kiti, anaangalia ile glasi kama mtu aliyeonyeshwa jina lake kwenye orodha ya waliofeli.

Nami nimefunga mdomo. Niliahidi.

Mlango wa jikoni ukafunguka. Kwetu msichana anayeposwa hatoki mpaka aitwe, lakini Devota alitoka, na mwiko mkononi.

"Kaka," akasema, "leo nimekuruhusu. Uliza yote."

Nikasimama na neno la kwanza lililonitoka likawa, "Jamani, hiyo ni asidi tu."

"Maji ya betri," watu watatu wakatafsiri kwa pamoja.

Nikaona maelezo hayanisaidii. Nikamnyang'anya baba mkubwa kichupa. Nikaomba rubisi yetu wenyewe, iliyopikwa na mama. Nikadondosha. Nyekundu. Nikaomba juisi ya nanasi iliyoandaliwa kwa wageni. Nyekundu. Nikaomba mtindi, na mtindi ulitoka kwa ng'ombe wa baba mkubwa mwenyewe. Ukawa waridi.

"Baba mkubwa, hata ng'ombe wako ametuwekea?"

Akausogeza ule mtindi mbali naye.

"Sasa tutafute kinachofaa kunywewa."

Nikaenda kwenye beseni la vyombo, nikachota maji ya sabuni kwa glasi, mbegu za nyanya zinaelea juu. Nikadondosha. Kijani safi.

Nikampelekea baba mkubwa kwa mikono miwili. "Karibu, mzee. Kwa mujibu wa kipimo hiki ndicho kinywaji pekee salama hapa nyumbani."

Shangazi Paskazia alikuwa wa kwanza kucheka, kisha Method, kisha wote. Baba mkubwa akaitazama ile glasi, akasema, "Kweli yule dada wa muvi hakuwahi kupima mtindi."

Ila Mzee Laurian hakucheka. Kofia bado iko kichwani.

"Pombe yangu ilitiliwa shaka," akasema. "Siwezi kuionja tena mimi. Aliyetengeneza dawa ndiye ataonja. Akimaliza, tutaketi."

Akanikabidhi kibuyu.

Mimi sinywi pombe, wakuu. Si dini, ni tumbo. Lakini Devota kasimama na mwiko, na Method ananiangalia kama ninasaini cheti chake.

Nikanywa chote.

Mzee Laurian akavua kofia, akaketi.

Yaliyofuata nasimuliwa. Nasikia posa ilikwenda vizuri sana. Nasikia nilimkumbatia Mzee Laurian mara mbili na kumfundisha jedwali la elementi hadi kwenye klorini. Niliamka jioni chini ya mgomba, nimefunikwa kanga ya shangazi, wageni wameshaondoka. Kwenye ukoo mzima ni mimi peke yangu niliyekuwa sijui tarehe ya harusi.

Nilichojifunza ni hiki. Ukitaka kubomoa uongo wa muvi, usitumie kitu kinachopendeza kuliko muvi yenyewe. Dakika zangu kumi za maelezo hakuna aliyekumbuka. Rangi waliikumbuka wote.

Na naendelea kuuliza maswali, ila sasa najiuliza kwanza nani ataondoka na kichupa.

Haya, wenye ujuzi leteni: muvi gani ya kemia ilikukera mpaka ukasimama? Na kama kuna aliyeijaribu nyumbani, aseme ukweli, hapa tumeshaaibika tayari.

NYONGEZA: Naona mnauliza kama baba mkubwa aliacha muvi. Hapana. Jumapili iliyopita ilitoka sehemu ya pili. Yule dada sasa ana dawa inayogeuka kijani mtu akisema uongo. Baba mkubwa akaniuliza kama inawezekana. Nikamwambia haiwezekani hata kidogo, nikamweleza kwa kirefu, akaitikia kwa kichwa.

Leo asubuhi nimetoka nje. Uzio wetu hauna ua hata moja.