Hapana ya Kwanza

Kuna kazi niliyoifanya kwa miezi miwili ambayo hadi leo nikiulizwa nasema tu nilikuwa kwenye utafiti, kisha nabadilisha mazungumzo. Kazi yenyewe haikuwa mbaya. Ofisi moja ilitaka kujua umeme ukikatika huku Kagera watu wanapoteza nini, na hicho wanachopoteza kina thamani gani kwa shilingi. Nilikuwa nimemaliza chuo, nimesomea uchumi, na mwaka mzima nimekaa Bukoba mjini nikila ndizi za dada yangu na kumjibu kwa ukali kila aliponiuliza kama nimepata kazi. Kwa hiyo nilipochaguliwa nilitembea mjini kifua mbele, kishikwambi kwapani, kama mtu aliyetumwa kupima nchi nzima.

Tulifundishwa siku nne kwenye ukumbi wa kukodi karibu na ziwa. Mkufunzi alikuwa mama mmoja mpole kutoka Dar es Salaam. Alisema hasara ya umeme ina sura nyingi. Kuna kinachoharibika, kama samaki kwenye jokofu. Kuna kazi inayosimama, kama cherehani au mashine ya kusaga. Na kuna kile mtu anachotumia kujikinga, mshumaa, mkaa, mafuta ya jenereta. Halafu kuna swali la mwisho: uko tayari kulipa kiasi gani ili umeme usikatike? Hilo tulilicheka sana, maana tulijua watu wetu watajibu nini. Kweli, kijijini mzee mmoja aliniangalia kwa huruma akasema, "Kijana, kwani mimi sasa hivi nautumia bure?"

Sasa nije kwenye ninachokionea aibu.

Swali la nne la dodoso lilikuwa hivi: Je, katika mwezi uliopita kaya yako ilipata hasara yoyote kwa sababu ya kukatika kwa umeme? Ukibonyeza Ndiyo, yanafunguka maswali thelathini na mawili. Ukibonyeza Hapana, kishikwambi kinaruka hadi mwisho, unasema asante, unaondoka. Siku ya tatu ya mafunzo nilinyoosha mkono, nikajidai. Nilimwambia mkufunzi kwamba kwetu Uhayani mtu hakiri shida mbele ya mgeni. Ukimkaribisha mtu chakula atasema ameshiba, na unajua hajashiba, unamkaribisha tena, na mara ya pili ndipo ananawa mikono. Hapana ya kwanza kwetu ni adabu, nikasema, sio jibu. Wenzangu walicheka, mkufunzi akaandika kwenye daftari lake, akasema ni jambo muhimu sana na kwamba sisi wenyeji tuliajiriwa kwa sababu hiyo hasa. Kwa hiyo nisije nikajitetea kwamba sikujua. Nilijua, na nililisema kwa mdomo wangu mbele ya watu ishirini.

Nilipangiwa Muleba, na wiki ya pili ikawa Ijumbi. Nilikuwa nimechoka, na tulikuwa tumewekewa lengo la kaya nane kwa siku. Mimi mtu wa Kanazi, nimezaliwa kwenye migomba, lakini nilikuwa nawatazama watu wa Ijumbi kama watu wanaonichelewesha. Kila nyumba salamu ndefu, kila nyumba habari za wazazi, habari za mvua. Nilikuwa najibu huku kidole kiko tayari kwenye kioo.

Siku hiyo alasiri wingu lilikuwa limesimama upande wa ziwa nilipofika kwa mama mmoja mjane. Alikuwa na umri wa mama yangu au kumzidi. Nyumba yake ilikuwa nadhifu, bati jipya upande mmoja, na sebuleni badala ya kabati la vyombo kulikuwa na mashine ya kutotolesha vifaranga, kubwa kama sanduku la nguo, imefunikwa mablanketi mawili. Alipiga magoti kunisalimia, kama wanawake wa kwetu wanavyowasalimu wakubwa, nami nikaona haya, nikamwomba ainuke. Hakuinuka mpaka tulipomaliza salamu.

Akaniuliza kwetu ni wapi. Nikamwambia Kanazi. Akaniuliza ukoo. Nikamtajia. Uso wake ukafunguka.

"Kumbe wewe ni mjomba wangu," akasema.

Ukoo wetu ndimo alimozaliwa mama yake. Kwetu hilo linatosha. Kila mwanaume wa ukoo wa mama yako ni mjomba wako, hata kama ulianza kuota mvi kabla hajazaliwa. Basi mimi, kijana wa miaka ishirini na sita, nikawa mjomba wa mwanamke mwenye wajukuu. Alifurahi kweli. Aliingia ndani akatoka na kikapu kidogo cha kahawa ya kutafuna, ile tunayompa mgeni kabla ya mazungumzo yoyote ya maana. Unachukua punje kadhaa, unatafuna polepole, mnaongea yasiyo na uzito, na yenye uzito yanakuja yenyewe baadaye.

Nilichukua punje, nikazitia kwenye mfuko wa shati. "Nitatafuna njiani, mama," nikasema. "Mvua inakuja."

Alikaa kwenye mkeka, akakunja miguu. Nikamsomea swali la kwanza, la pili, la tatu. Nikafika la nne. Alitazama mashine, akatazama mikono yake, halafu akanitazama mimi.

"Hasara? Hapana, mjomba. Sisi tuko salama."

Nikabonyeza Hapana, nikaaga.

Njia ya mkato kwenda kwa jirani ilipita nyuma ya nyumba, katikati ya migomba yake. Mingi ilikuwa imekatwa kwa sababu ya ugonjwa wa mnyauko, na hapo nilielewa kwa nini mtu wa kijijini ananunua mashine. Hatua chache mbele nikakuta shimo lililofukuliwa siku hiyo hiyo, udongo bado mbichi, halijafukiwa. Ndani yake kulikuwa na mayai. Mengi mno. Mengine yamepasuliwa kuangaliwa, na ndani mna vifaranga vilivyokamilika, vina manyoya. Kimoja kilikuwa kimetoboa ganda kwa mdomo kikaishia hapo. Zilikuwa zimebaki siku mbili au tatu vitotolewe vyote. Mablanketi sebuleni yalikuwa ya kuhifadhi joto umeme ulipokatika, na jiko la mkaa nililolipita mlangoni nalo lilikuwa la kazi hiyo hiyo. Kila kitu tulichofundishwa ukumbini kilikuwa hapo mbele ya macho yangu, kinachoharibika, kazi inayosimama, mkaa wa kujikinga.

Nilisimama pale kwa muda. Nitasema ukweli, sikusimama kwa uchungu. Nilikuwa napiga hesabu. Kurudi ndani, kukaa, kutafuna kahawa, kumuuliza tena, maswali thelathini na mawili, na mvua inanikuta. Dodoso lilikuwa halijatumwa bado, ningeweza kulifungua na kulirekebisha. Nikatoka hadi barabarani penye intaneti, nikabonyeza Tuma.

Kilichofuata kilinifurahisha, na hilo ndilo linaloniuma zaidi. Nyumba ya jirani, swali la nne, hapana. Nyumba iliyofuata, hapana. Nyingine, hapana, tena mwenye nyumba alinijibu akiwa amesimama mlangoni, hata sikuketi. Siku hiyo nilimaliza kaya kumi na moja. Msimamizi wangu alinipigia simu jioni akasema kazi yangu ni safi kuliko ya wote, haina hata swali moja lililoachwa wazi. Nilinunua soda mbili, nikazinywa zote mwenyewe.

Miezi michache baadaye tuliitwa Bukoba kusikiliza matokeo. Kwenye ukuta wakarusha jedwali, maeneo upande huu, hasara upande ule. Mjini hasara kubwa. Maeneo yenye viwanda vya kahawa, kubwa. Mstari wa Ijumbi ulikuwa karibu mtupu. Bwana mmoja mwenye suti akauliza kwa nini, akaambiwa kuna kijana mwenyeji wa kule aliyefanya mahojiano, aeleze. Watu wakageuka kunitazama. Mkufunzi wetu mpole alikuwepo pia, mstari wa mbele, na nikaona amefungua lile daftari lake.

Nilisimama. Ningeweza kusema neno moja tu, shimo, na wangeuliza shimo gani, na ningeeleza. Badala yake nikasema, "Kule watu hawautegemei sana umeme. Ni taa na kuchaji simu tu."

Bwana mwenye suti akaitikia kwa kichwa, ameridhika, akaandika. Mkufunzi alinitazama kidogo, halafu akafunga daftari. Nilikaa, masikio yanawaka, na nikakasirika, tena nilimkasirikia yeye, eti kwa nini ananiangalia hivyo.

Kiangazi kilichofuata ukaja mgao. Umeme haukutosha, ikabidi baadhi ya maeneo yazimiwe mchana ili mengine yabaki. Waliopanga ratiba walitumia jedwali lile lile. Wanaopoteza kidogo ndio waanze kuzimiwa. Kwa akili ya uchumi hakuna kosa hapo, hata mimi ningepanga hivyo. Ijumbi ilizimwa siku nne kwa wiki, asubuhi hadi jioni. Mimi mjini nilipiga pasi mashati yangu bila shida yoyote, na kila nikiweka pasi kwenye nguo nilikuwa naona kile kifaranga kilichotoboa ganda.

Nilivumilia mwezi mmoja na nusu. Jumamosi moja nikaenda. Nilimnunulia sukari na sabuni, kama mtu anayekwenda kuhani msiba.

Alinitambua kabla sijafika uani. Akapiga magoti, akaniita mjomba, akafurahi vile vile. Sebuleni mashine ilikuwepo, haina mablanketi. Mlango wake ulikuwa wazi, na ndani, juu ya majani makavu, alikaa kuku mwekundu akiatamia.

"Yeye hakatiki," akasema, akacheka kidogo. Halafu akaeleza, bila kulalamika, kwamba alitia mayai mara mbili tangu mgao uanze na mara zote yakafa. Mayai mengine hayakuwa yake, yalikuwa ya wanawake wenzake wa usharika waliomwamini, na ilibidi awape kuku wake badala yake. Kuku waliombakia walikuwa watatu tu. Mashine alikuwa anatafuta mtu wa kuinunua, lakini nani Ijumbi atanunua mashine ya umeme?

Akaleta kikapu cha kahawa. Safari hii nilitafuna. Nilitafuna punje baada ya punje, sina hata haraka, nikitafuta pa kuanzia. Yeye akaniuliza kama ile kazi yangu ya vishikwambi ilikwenda vizuri.

"Ilikwenda vizuri," nikasema.

"Nilijua. Siku ile ulipotoka nilikuona una haraka na mvua imefunga. Nikawapigia simu majirani. Nikawaambia mjomba wangu anakuja, ni mtoto wa watu yuko kazini, msimchoshe na matatizo, mjibuni kwa kifupi. Walikujibu kwa kifupi?"

Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Zile hapana zote nilizojipongeza kwa ajili yake, zilikuwa zawadi. Walinizawadia haraka yangu, na mimi nikaitumia kuwazimia umeme.

Nikamweleza. Sikupamba. Nikamwambia kuhusu swali la nne na jinsi linavyoruka, kuhusu jedwali, kuhusu nilivyosimama mbele ya watu nikasema taa na simu tu, na kwamba mgao wa Ijumbi ulipangwa kwa majibu yale. Nikamwambia nililiona shimo. Hapo nikainamisha kichwa.

Yule kuku alijigeuza kwenye majani, akatulia. Nilingoja anifukuze, na nadhani ningeondoka na nafuu kama angenifukuza. Alipozungumza alizungumza taratibu, kwa Kihaya, lugha ambayo sikuitumia hata mara moja siku ile nilipokuja na kishikwambi changu.

"Uliliona shimo."

"Nililiona."

"Na wewe ni mtu wa kwetu. Umelelewa na mama wa kwetu."

"Ndiyo, mama."

Alinyanyua kikapu, akanisogezea tena ingawa mdomo wangu ulikuwa bado una kahawa.

"Sasa, mjomba," akasema, "mbona hukuniuliza mara ya pili?"