Kisa kile alicheza Deo, lakini nahisi ni cha mume wangu

Admin, jina langu libaki kwako, hapa mjini tunajuana. Mimi ni mama wa miaka thelathini na moja, mshonaji hapa Kamembe, Rwanda, karibu na mpaka wa Kongo, nina mtoto mmoja wa miaka mitatu. Mume wangu ni mwashi, alitoka Fizi, Kongo, kuja kutafuta kazi. Nilimpendea upole wake. Kwao sijawahi kufika.

Yeye na wenzake waliokuja kwa kazi za ujenzi wana kikundi cha maigizo. Jumapili wanacheza palepale kwenye chantier wanapojenga, mbao na saruji zikiwa zimesogezwa pembeni, na watu tunajaa. Sharti lao ni kwamba kila mmoja analeta kisa cha maisha yake, ila anakicheza mwenzake, ili aliyeumia atoe ya moyoni bila kujulikana. Niliwasifu sana, maana wanaume hawa ukiwauliza jambo hawasemi.

Jumapili iliyopita rafiki yake, Deo, kijana wa Bukavu, alicheza mtu aliyeacha mke na watoto kwao, akavuka mpaka, akaoa tena na kunyamaza. Alipoingia nyumbani alivua viatu, akaviweka juu ya dirisha. Watu walicheka. Mimi nilikauka. Mume wangu hufanya hivyohivyo kila siku, eti kwao ziwa lilikuwa likifurika hadi ndani.

Nilimuuliza kisa ni cha nani. Hakuniangalia.

“Kisa kikishafika mu groupe hakina tena mwenyewe. Weye cheka tu kama benzako.”

Nikamfuata Deo. Akainamisha kichwa, akaniomba nisiwavunjie sharti lao. Najipa moyo kwamba wengi wao wanatoka kando ya ziwa hilohilo, pengine wote huweka viatu dirishani. Lakini lisemwalo lipo, na siku hizi namwogopa mtu ninayelala naye.

Juzi kasema atampeleka mtoto Fizi akamwone bibi yake, wavuke mpaka wa Rusizi II wao wawili tu. Nikasema nami niende.

“Hapana, Maman, weye bakia. Nitakuya kukubeba siku ingine.”

Mtoto ameshaambiwa, anashinda akiuliza wanaenda lini. Nikimkatalia nitakuwa nimemnyima bibi mjukuu wake kwa sababu ya mchezo wa Jumapili. Nikikubali, na huko kuna mama mwingine anayemngoja, mwanangu nitamdai kwa nani?

Nishaurini jamani, nimpe mtoto au nimzuie?