Kiapo cha Ottilie Feldmar

Niliporudi Vienna mwaka 1947 kutoka Shanghai, nilikokuwa nimekimbilia kama Wayahudi wengi, ofisi ya makazi ilinipa chumba kimoja katika nyumba ya Ottilie Feldmar, mtaa wa Leopoldstadt. Miezi ya mwanzo hakunisemesha ila habari za maji na ufunguo. Alikuwa mjane wa miaka hamsini na mbili, mshona glavu, mfupi, vidole vimepinda kwa sindano. Ijumaa moja jioni aliniona nikipanga mishumaa miwili ya Sabato mezani. Akavuta kiti, akaketi bila kukaribishwa.

"Mama mkwe wangu alikuwa akiisogeza karibu zaidi," akasema.

Ndipo alipoanza kunisimulia, kidogo kidogo, kwa muda wa miaka.

Alizaliwa Mkatoliki, Ottilie Hlawatsch, binti wa fundi viatu. Alipompenda Heinrich Feldmar, Myahudi mwenye karakana ya glavu, aliingia dini ya mumewe, na baba yake akamfungia mlango. "Usije ukaniletea wajukuu wenye pua zao," alimwambia. Hakuonana naye tena. Walizaliwa mabinti wawili: Erna mwaka 1921, mweusi wa nywele kama babaye, na Lilli mwaka 1924, nywele rangi ya ngano, macho ya buluu. Wote waliandikishwa sinagogi. Heinrich alikufa kwa kifua mwaka 1934. Ottilie akabaki na wasichana, na Regine, mama yake Heinrich, bibi mkali asiyepitwa na neno.

Wanazi walipoingia mwaka 1938, karakana ilichukuliwa na mtu aliyekuwa akiwauzia ngozi. Sheria mpya ilihesabu mababu. Mabinti wa Ottilie walikuwa nusu kwa nusu, lakini kwa kuwa majina yao yalikuwa kwenye daftari la sinagogi, walihesabiwa Wayahudi kamili. Kufikia mwaka 1941 treni zilikwisha kuanza kuwapeleka watu mashariki.

Wakati huo kulikuwa na mawakili wachache waliojua mlango wa nyuma. Mmoja wao, Dokta Wanek, alimweleza Ottilie kwa sauti ya chini.

"Bibi Feldmar, wewe damu yako haina tatizo. Tatizo ni baba. Basi na apatikane baba mwingine."

"Baba gani mwingine?"

"Mwanamume yeyote asiye Myahudi. Awe amekufa, asiwe na mjane wa kubisha, na awe alikuwa na sababu ya kuingia nyumbani kwako. Utaapa mahakamani kwamba mabinti ni wake. Mahakama itawapeleka kwa mtaalamu wa elimu ya mbari, awapime. Akikubali, wameokoka."

"Na nisipotaka kumvunjia mume wangu heshima?"

Wakili aliitazama saa yake. "Unalo jingine?"

Alirudi nyumbani akapika viazi, hakula. Usiku ule wasichana walipolala, alimweleza mkwewe.

"Yule mleta makaa je?" Regine akauliza. "Kubelka. Si alikufa?"

"Mama!"

"Otti mwanangu, nisikilize. Heinrich yuko ardhini, haumwi na neno la mtu. Hawa wako hapa wanapumua. Nenda kaape. Na mimi nitakuja niseme nilikuwa najua."

Josef Kubelka alikuwa amewaletea makaa ya mawe miaka mingi, kapera, mcheshi, akafa mwaka 1932. Dada yake alipoombwa picha alicheka mpaka machozi. "Chukua," akasema. "Josef hakuwahi kusingiziwa jambo zuri namna hii maishani mwake." Akawapa picha ya marehemu amesimama kando ya farasi wake.

Ottilie aliapa. Alisimama mbele ya hakimu akaeleza siku na saa za mambo ambayo hayakutokea. Regine naye akasimama, miaka sabini na mitatu, akasema alimwona mleta makaa akitoka chumbani vifungo vimekosewa. Hakimu hakutaka kumsikiliza Myahudi, lakini karani aliandika. Waliporudi nyumbani Regine alijirarua ukosi wa gauni, akakaa kwenye kigoda siku saba, kama afanyavyo Myahudi aliyefiwa. Hakumlaumu Ottilie. Hakumsemesha pia.

Habari haikukawia kushuka ngazi. Bibi Swoboda, msimamizi wa jengo, alimngoja mlangoni na ufagio wake.

"Kumbe mtakatifu wetu! Sisi makaa tulishushiwa chini ghalani. Wewe ulishushiwa mpaka kitandani!"

Ottilie alipita. Alilazimika kupita; angekana, maneno yangefika mahakamani.

Siku ya kupimwa iliangukia mwezi wa Septemba, wiki ile ile amri ya Wayahudi kuvaa nyota ya njano ilipoanza kazi. Mabinti waliingia katika chumba kikubwa chenye madirisha mapana, nyota zimeshonwa kifuani. Profesa, yule mtaalamu wa mbari, alikuwa mtu mpole. Aliwapa viti, akauliza kama wanaona baridi.

"Msiogope, mabinti. Hapa hatuna chuki na mtu. Tunapima tu."

Akaleta koleo la chuma, akawapima kichwa kwa urefu na kwa upana, paji, pua, taya. Msaidizi alitaja namba, mwingine aliandika. Wakalinganishiwa macho na kisanduku cha macho ya kioo, nywele na mafungu ya nywele yaliyofungwa kwa uzi. Wakachovywa vidole kwenye wino. Ottilie mwenyewe akapimwa. Kisha profesa akashika kioo cha kukuzia, akainamia picha mbili: Heinrich siku ya harusi yake, na Kubelka na farasi.

"Fundi wa gauni la harusi hapimi hivi," Lilli alimnong'oneza dada yake. Erna hakucheka. Alikuwa amekaza shingo, kana kwamba akitulia sana atapimwa vizuri zaidi.

Majibu yalikuja Januari. Dokta Wanek aliwaita wote watatu, akasoma. Erna: mfupa wa pua na kidevu vinaelekea kwa Kubelka, inakubalika kuwa babaye si Myahudi. Lilli: ndewe za masikio na mistari ya vidole vinamthibitisha kuwa binti wa Heinrich Feldmar pasipo shaka.

Erna, mwenye nywele nyeusi, aliyefanana na Heinrich hata kwa kupiga chafya, ndiye aliyepewa mleta makaa. Lilli wa nywele za ngano akabaki Myahudi.

Lilli ndiye aliyecheka kwanza. "Baba wawili, Mama? Una mambo wewe!"

"Wote ni wa Heinrich," Ottilie akasema. "Wote wawili."

Wakili alifunga faili. "Bibi Feldmar, sikusikia ulichosema. Na wewe hujakisema."

Erna akafumua nyota kwenye koti lake. Aliandikishwa upya kwa jina la ukoo wa mama, Hlawatsch, akapata kazi ya kupiga chapa, na kwa amri akahama Leopoldstadt, akaenda ng'ambo ya mfereji, kwa kuwa hakuruhusiwa tena kukaa na Wayahudi. Jumapili alikuja kukutana na mama yake bustanini. Nyumbani hakupanda.

Lilli alikuwa mwingine kabisa baada ya majibu yale. "Barabarani hakuna anayenitazama mara mbili," alimwambia mama yake. "Nikivua nyota hii, nani atanijua? Atanikamata sikio?"

"Kaa ndani, mwanangu. Nakuomba."

"Nina miaka kumi na minane, Mama. Nitakaa ndani mpaka lini?"

Mwezi wa Julai alivua koti lenye nyota, akaenda sinema mchana, jambo Wayahudi walilokatazwa. Bibi Swoboda alimwona akitoka, akangoja arudi, na polisi walikuwa wanamngoja pamoja naye.

Walimfungia katika shule iliyogeuzwa mahali pa kukusanyia watu. Ottilie alikwenda siku nne mfululizo na mkate na soksi za sufu. Siku ya nne alimshika mlinzi mkono.

"Mimi ndiye mama yake. Nipeleke naye!"

"Wewe ni Mjerumani, mama. Nenda nyumbani kwako."

"Nyumbani kwangu kuna nani?"

Mlinzi aliuchukua mkate. Kama ulimfikia Lilli, Ottilie hakujua. Treni iliondoka kuelekea Minsk. Wiki tatu baadaye walikuja kumchukua Regine. Alikuwa amekwisha kufunga mzigo wake, akamshika mkwewe uso kwa mikono miwili. "Tulifanya tulichoweza, Otti," akasema. "Hakikutosha." Wote wawili hawakurudi.

Vita ilipokwisha, Ottilie alitaka jambo moja: kumrudishia Heinrich bintiye aliyebaki. Nilimsindikiza ofisini. Karani alisema hukumu ya mahakama ipo, imejengwa juu ya utaalamu, haifutwi ila kwa utaalamu mwingine. Mtaalamu aliyetajwa alikuwa profesa yule yule. Sasa aliwapimia watoto wanawake walioachwa na askari, kuthibitisha baba.

Alikuwa bado mpole. Alitupa viti.

"Mama, hapa uliapa," akasema, akigeuza kurasa. "Je, ulisema uongo wakati ule, au unasema uongo leo? Nani atajua? Vipimo vyangu mimi havijabadilika."

"Mtoto wangu mwingine alikufa kwa vipimo vyako."

"Alikufa kwa vita," profesa akajibu, na kwa kweli alionekana kumwonea huruma.

Erna naye hakutaka. Alikuja nyumbani siku hiyo, mara yake ya kwanza tangu mwaka 1942, akasimama bila kuvua kofia.

"Acha, Mama. Nimejifunza miaka mitano kuwa mtoto wa mleta makaa. Nimezoea."

"Lakini si kweli! Babako alikuwa Heinrich. Alikubeba mabegani mpaka bustani ya Prater."

"Ndivyo unavyosema leo. Mahakamani ulisema mengine, nimeyasoma, na uliyasema vizuri sana." Akavuta pumzi. "Na wakirudi tena siku moja, jina langu halitakuwa kwenye orodha yao. Niache hapo nilipo."

Ottilie aliishi mpaka 1961, akishona glavu nyumbani. Mwaka 1938, kwa hofu, alikuwa amejiondoa katika jumuiya ya Kiyahudi, na hakuwahi kwenda kuomba kurudi, aliona haya. Kwa hiyo Heinrich yuko upande wa makaburi ya Wayahudi, na yeye alizikwa upande mwingine wa ukuta, kwa Wakristo, kwa jina la Hlawatsch, maana Erna ndiye aliyejaza karatasi.

Tulikuwa wanne mazikoni. Padri alipoondoka, Erna alinikaribia.

"Wewe umekaa naye miaka kumi na minne. Aliwahi kukwambia ukweli?"

"Mara nyingi," nikamjibu. "Baba yenu alikuwa mmoja, wewe na Lilli. Heinrich Feldmar. Kubelka alileta makaa tu."

Alinitazama kama anayengoja kitu kitikisike ndani yake. Kisha akavaa glavu.

"Angekwambia hivyo hivyo hata kama si kweli," akasema, akaenda zake kwenye tramu.